Swali la Kesho: Ukaribu, Ridhaa na Wajibu wa Kamera katika Filamu za Penelope Spheeris kuhusu Vijana wa Los Angeles

IKISIRI

Makala hii inachunguza kazi za mtunzi wa filamu wa Marekani, Penelope Spheeris, hususan filamu tatu za hali halisi zenye jina moja la The Decline of Western Civilization zilizotoka mwaka 1981, 1988 na 1998. Filamu hizo zinahusu vijana wa Los Angeles ambao jamii iliwaona kuwa ni tishio: mashabiki wa muziki wa panki, wanamuziki wa hevi metali, na vijana wa panki wasio na makao. Lengo ni kueleza namna mtunzi alivyojenga ukaribu na vijana hao, namna alivyopata ridhaa yao, na wajibu uliomwangukia kutokana na ukaribu huo. Data zimetokana na usomaji wa kina wa filamu zenyewe, pamoja na taarifa za wazi kuhusu utengenezaji na upokelewaji wake. Makala inabainisha kwamba kiungo kikuu cha filamu hizo ni swali kuhusu kesho ya kijana, na kwamba majibu ya swali hilo yalibadilika kutoka filamu moja hadi nyingine, kisha yakabadili maisha ya muulizaji mwenyewe.

Dhana muhimu: filamu ya hali halisi, utamaduni-tanzu, hofu ya kimaadili, ridhaa, panki

1.0 Utangulizi

Filamu ya hali halisi ni utanzu wa filamu unaotumia watu halisi, mahali halisi na matukio yaliyotokea ili kutoa hoja au ushuhuda kuhusu ulimwengu. Tofauti na filamu ya kubuni, ambamo mwigizaji akifa jioni huonekana mzima asubuhi, mhusika wa filamu ya hali halisi huendelea kuishi, au kufa, baada ya kamera kuzimwa. Kwa sababu hiyo swali la maadili halitenganishiki na swali la umbo. Namna mtu anavyopigwa picha, namna anavyoulizwa na namna maneno yake yanavyokatwa na kuunganishwa ni mambo yanayomgusa mtu mwenye jina, wazazi na siku za usoni.

Uzito wa jambo hili huongezeka pale mhusika anapokuwa kijana wa kundi linaloogopwa. Kijana huyo tayari amekwishahukumiwa na magazeti, polisi na majirani. Mtunzi anayemfuata ana njia mbili za mkato. Ya kwanza ni kuthibitisha hofu ya jamii kwa kuonyesha fujo peke yake. Ya pili ni kumtetea kijana kwa kuficha fujo hizo. Njia zote mbili zinauza filamu, na hakuna kati yake inayomwonyesha kijana alivyo.

Penelope Spheeris ni miongoni mwa watunzi wachache waliorudi kwenye mada hiyo kwa kipindi kirefu, katika jiji lilelile, kwa jina lilelile la filamu na kwa mbinu iliyokaribia kuwa ileile. Kwa hiyo kazi zake zinampa mtafiti fursa adimu ya kulinganisha: kinachobadilika kati ya filamu na filamu ni vijana, nyakati zao na hali ya mtunzi mwenyewe. Makala hii inajibu maswali matatu. Je, ukaribu kati ya mtunzi na vijana ulijengwaje? Je, ridhaa ya vijana ilikuwa na maana gani? Na je, ukaribu huo ulizaa wajibu gani?

2.0 Dhana na Mkabala

Uchambuzi huu unaongozwa na dhana tatu. Ya kwanza ni utamaduni-tanzu. Wataalamu wa Kituo cha Taaluma za Utamaduni wa Kisasa cha Chuo Kikuu cha Birmingham, Uingereza, walilichukulia kundi la vijana kuwa ni jamii ndogo yenye alama zake: mavazi, nywele, muziki na lugha. Dick Hebdige, katika kitabu chake cha mwaka 1979, aliendeleza hoja hiyo kwa kuonyesha kwamba mtindo wa panki ulikuwa namna ya kusema. Pini ya nguo iliyotobolewa kwenye shavu ilikuwa tamko, japo halikuandikwa.

Dhana ya pili ni hofu ya kimaadili, iliyofafanuliwa na Stanley Cohen mwaka 1972. Kwa mtazamo wake, jamii huteua kundi fulani, hulikuza kuwa kubwa kuliko lilivyo, kisha hulitumia kama mfano wa kila kilichoharibika. Dhana ya tatu inatoka kwa Bill Nichols, aliyeainisha mikabala ya filamu ya hali halisi. Kati ya hiyo, mkabala shirikishi ni ule ambao mtunzi haiji kama jicho lisiloonekana, bali huuliza, hujibizana, na huruhusu mtazamaji atambue kwamba kinachosemwa kimesemwa kwa mtu fulani.

Kwa msomaji wa Kiswahili ipo njia ya kuingia katika mada hii kupitia neno moja. Neno mhuni hutumika leo kwa maana ya mtu asiye na maadili mema. Katika matumizi ya zamani lilibeba pia maana ya mtu anayetangatanga, asiye na makao maalumu. Maana hizo mbili zimekaa katika neno moja kana kwamba kukosa nyumba na kukosa adabu ni jambo moja. Kazi ya Spheeris, hasa filamu ya tatu, inaweza kusomwa kama jaribio la kuzitenga maana hizo.

3.0 Malezi na Mafunzo ya Mtunzi

Penelope Spheeris alizaliwa New Orleans mwaka 1945. Baba yake, mhamiaji kutoka Ugiriki, alimiliki maonyesho ya burudani yaliyokuwa yakihama kutoka mji hadi mji, na familia ilihama pamoja nayo. Baba huyo aliuawa Penelope akiwa bado mtoto. Baada ya hapo alilelewa California na mama yake na msururu wa baba wa kambo, katika makazi ya nyumba za magurudumu. Spheeris mwenyewe ameeleza mara nyingi kwamba nyumbani kwao kulikuwa na ulevi na vurugu. Taarifa hizi zinatajwa hapa kwa sababu moja: vijana aliokuja kuwahoji miaka mingi baadaye walimsimulia maisha ambayo kwake hayakuwa mageni.

Alisomea filamu katika Chuo Kikuu cha California, Los Angeles. Filamu zake fupi za awali, I Don't Know ya mwaka 1970 na Hats Off to Hollywood ya mwaka 1972, zilihusu watu walioishi nje ya mipaka ya kijinsia iliyokubalika wakati huo. Tangu mwanzo, basi, macho yake yalielekea kwa watu walio pembezoni. Mwaka 1974 alianzisha kampuni ya Rock 'n Reel, iliyotengeneza filamu fupi za kutangaza wanamuziki, kabla kituo cha televisheni cha MTV hakijaanza mwaka 1981. Aidha, alizalisha filamu fupi za mchekeshaji Albert Brooks kwa ajili ya kipindi cha Saturday Night Live, na pia filamu ndefu ya Brooks, Real Life, ya mwaka 1979. Filamu hiyo ya kubuni inamkejeli mtunzi wa filamu ya hali halisi ambaye kamera zake zinaivuruga familia aliyokusudia kuionyesha tu. Ni vigumu kupuuza kwamba aliyezalisha kejeli hiyo alibeba kamera mwishoni mwa mwaka uleule na kwenda kupiga picha vijana wa panki.

4.0 Filamu ya Kwanza: Vijana wa Panki, 1981

4.1 Umbo la filamu

Filamu ya kwanza ilipigwa kati ya Desemba 1979 na Mei 1980. Inawaonyesha Black Flag, Germs, X, Circle Jerks, Fear, Catholic Discipline na Alice Bag Band wakiwa jukwaani na nje ya jukwaa, pamoja na waandishi wa jarida la Slash lililoandika habari za muziki huo. Jina la filamu, linalotangaza kuporomoka kwa ustaarabu wa Magharibi, linakumbusha kitabu cha mwanafalsafa wa Ujerumani Oswald Spengler ambacho juzuu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1918. Jina hilo linasikika kama hukumu ya mzee dhidi ya vijana. Ndani ya filamu, hata hivyo, hakuna sauti ya msimulizi inayoitamka hukumu hiyo. Mtazamaji anaachiwa ukumbini pamoja na vijana, na jina la filamu linageuka kuwa swali: ni nani hasa anayeporomoka?

Mbinu tatu zinastahili kuangaliwa. Kwanza, wakati bendi zinapoimba, maneno ya nyimbo yanaandikwa chini ya picha. Muziki wa panki uliimbwa kwa kasi na kwa kelele kiasi kwamba asiyeuzoea hakuweza kushika hata sentensi moja. Kwa kuandika maneno, mtunzi alimnyima mtazamaji kisingizio cha kusema kwamba vijana wale walikuwa wakipiga makelele yasiyo na maana. Anayetaka kuwahukumu alazimike kwanza kuwasoma. Pili, mashabiki wa kawaida wanahojiwa mmoja mmoja, kwa ukaribu, chini ya balbu iliyo wazi. Chumba hicho kinafanana na chumba cha mahojiano cha polisi, lakini maswali yanayoulizwa ni ya mtu anayetaka kujua: unapenda nini, unachukia nini, kwa nini unapigana. Tatu, sauti ya mtunzi inasikika kutoka nyuma ya kamera. Huu ndio mkabala shirikishi anaoueleza Nichols. Mtazamaji anajua kwamba kijana anajibu, na anajua anamjibu nani.

4.2 Ridhaa iliyosomwa kwa sauti

Mwanzoni mwa filamu wanamuziki wanawasomea watazamaji wao ukumbini tangazo la kisheria: kwamba picha zinapigwa, na kwamba kuwepo mahali pale ni kukubali kupigwa picha. Wengine wanalisoma kwa dhihaka, wengine kwa kuchoka. Watengenezaji wengi hulificha tangazo la namna hiyo kwenye karatasi mlangoni. Spheeris amelifanya kuwa sehemu ya filamu, hivyo mtazamaji anashuhudia ridhaa ikitolewa.

Hata hivyo, kushuhudia ridhaa ikitolewa hakuondoi swali la uzito wake. Ridhaa ya umati si ridhaa ya mtu mmoja mmoja, na ridhaa ya kijana aliyelewa si sawa na ile ya mtu mwenye akili zake timamu. Suala hili linajitokeza waziwazi katika sehemu inayomhusu Darby Crash, mwimbaji wa Germs. Jukwaani anayumba, anaanguka, na kipaza sauti kinakuwa mbali na mdomo wake wakati anapopaswa kuimba. Jikoni, akipika pamoja na rafiki yake wa kike, ni mtu mwingine: mpole, mcheshi, na anayeeleza kwa utulivu kwamba dawa humsaidia asisikie maumivu ya kuumizwa na watazamaji wakati wa onyesho. Uzito wa filamu nzima umelala kati ya jukwaa lile na jiko lile.

Crash alifariki tarehe 7 Desemba 1980 kwa heroini, akiwa na umri wa miaka 22. Filamu ilikuwa bado haijatoka. Ilipotoka mwaka 1981, bango lake lilimwonyesha akiwa amelala chali jukwaani, macho yamefumbwa. Picha ilipigwa akiwa hai, lakini kila aliyeitazama barabarani alimtazama marehemu. Ridhaa aliyoitoa Crash ilikuwa ya kupigwa picha kama mwimbaji. Kuwa alama ya mauti ya kizazi chake hakukuwemo katika tangazo lililosomwa ukumbini. Si rahisi kusema kwamba mtunzi alikosea, wala si rahisi kusema kwamba hakukosea. Inachoweza kusema makala hii ni kwamba katika filamu ya hali halisi ridhaa hutolewa siku moja, ilhali maana ya picha huendelea kubadilika baada ya siku hiyo.

4.3 Pingamizi la umma

Onyesho la kwanza kwenye barabara ya Hollywood Boulevard lilivuta umati mkubwa wa vijana, na polisi wakafika kwa wingi. Mkuu wa Polisi wa Los Angeles wakati huo, Daryl Gates, aliandika barua akitaka filamu hiyo isionyeshwe tena jijini. Tukio hilo linashabihiana na maelezo ya Cohen: kundi dogo la vijana lilichukuliwa kuwa hatari kwa jiji zima, na filamu iliyowaonyesha ikachukuliwa kuwa sehemu ya hatari hiyo.

Haifai, hata hivyo, kudai kwamba filamu haikuwa na cha kushtua. Kundi la Fear, linalofunga filamu, linawachokoza watazamaji kwa matusi, yakiwemo ya kuwadhalilisha mashoga, hadi ngumi zinarushwa. Mtunzi hakati wala hakemei. Msimamo wake wa kutokemea ndio uliomfungulia milango ya vijana, na ndio uliowaacha waliotukanwa bila mtetezi. Kwa upande mwingine, kuwepo kwa Alice Bag, mwanamke wa asili ya Meksiko aliyeongoza bendi yake, na Ron Reyes wa Black Flag, mzaliwa wa Puerto Rico, kunapinga dhana kwamba panki ya Los Angeles ilikuwa hasira ya vijana Wazungu peke yao. Kwa kuwa simulizi nyingi za baadaye ziliwasahau wanamuziki hao, filamu imebaki kuwa ushahidi kwamba walikuwepo.

5.0 Filamu ya Pili: Ndoto ya Hevi Metali, 1988

Kati ya filamu ya kwanza na ya pili Spheeris alitunga filamu za kubuni, ikiwemo Suburbia ya mwaka 1983 iliyozalishwa kwa ushirikiano na Roger Corman. Filamu hiyo inahusu vijana waliotoroka makwao na kuishi pamoja katika nyumba zilizotelekezwa. Badala ya kuwatafuta waigizaji wenye uzoefu, Spheeris aliwatumia kwa sehemu kubwa vijana wa panki wenyewe, kwa kuamini kwamba ni rahisi kumfundisha mpanki kuigiza kuliko kumfundisha mwigizaji upanki.

Filamu ya pili ya hali halisi, yenye jina la nyongeza The Metal Years, ilitoka mwaka 1988. Mazingira yalikuwa yamebadilika. Mwaka 1985 Baraza la Seneti la Marekani lilisikiliza malalamiko ya wazazi, wakiwemo wake wa wanasiasa, kuhusu maneno ya nyimbo, na hevi metali ilikuwa miongoni mwa muziki ulioshutumiwa zaidi. Pamoja na shutuma hizo, muziki huo ulikuwa biashara kubwa. Vijana wa barabara ya Sunset Strip hawakutaka kuiangusha jamii kama walivyodai wapanki. Walitaka kutajirika ndani yake.

Mtunzi anawaweka bega kwa bega waliofanikiwa, kama vile Aerosmith, Alice Cooper, Kiss, Motörhead na Ozzy Osbourne, na vijana wa bendi zisizojulikana. Anawauliza hao wa pili swali moja kwa namna mbalimbali: itakuwaje usipofanikiwa? Wanalikataa swali lenyewe. Kila mmoja ana hakika kwamba atakuwa nyota, na uwezekano mwingine hana habari nao. Swali hilo ndilo linaloifanya filamu ichekeshe, na ndilo linaloifanya iumize, maana mtazamaji anajua kwamba wengi wao hawatafika.

Picha inayokumbukwa zaidi ni ya Chris Holmes, mpiga gitaa wa W.A.S.P., anayeelea kwenye kiti ndani ya bwawa la kuogelea usiku, amevaa nguo zake, akijimiminia pombe, huku mama yake ameketi kando ya bwawa akitazama. Mama hasemi mengi. Hahitajiki kusema. Kwa dakika chache filamu iliyojaa majigambo inamweka mbele ya mtazamaji mzazi na mwanawe mtu mzima anayejiangamiza, na muulizaji anaendelea kuuliza.

Filamu hii ndiyo pia yenye udhaifu mkubwa zaidi wa kiushahidi. Osbourne anaonyeshwa jikoni akipika kifungua kinywa, mikono ikimtetemeka, na juisi ya machungwa inamwagika nje ya glasi. Baadaye Spheeris alikiri kwamba kumwagika kwa juisi kulitengenezwa. Katika filamu ya kubuni jambo hilo lisingekuwa na uzito. Hapa lina uzito, kwa sababu lilihusu mwili wa mtu aliyekuwa akizungumzia kwa uaminifu vita vyake na ulevi. Ukweli ulikuwepo tayari katika maneno yake, na kiini macho kikaongezwa juu yake. Tukilinganisha majiko mawili, lile la Crash na lile la Osbourne, tunaona pengo lililotokea ndani ya miaka minane: la kwanza liliachwa liseme lenyewe, la pili lilisaidiwa kusema. Udanganyifu mdogo wa namna hii una gharama kubwa, kwani mtazamaji anayeujua huanza kujiuliza ni nini kingine kilichosaidiwa.

6.0 Hollywood na Kurudi

Mwaka 1992 Spheeris aliongoza Wayne's World, filamu ya vichekesho kuhusu vijana wawili wapenzi wa roki, iliyoingiza zaidi ya dola milioni 120 nchini Marekani pekee. Hakuongoza mwendelezo wake wa mwaka 1993. Badala yake aliongoza vichekesho vingine vya studio kubwa, vikiwemo The Beverly Hillbillies na The Little Rascals. Kipindi hiki hakihitaji kuchambuliwa kwa urefu. La muhimu ni kwamba kilimpa mtunzi uwezo wa kifedha, na kwamba alitumia fedha zake mwenyewe kurudi mitaani.

7.0 Filamu ya Tatu: Vijana Wasio na Makao, 1998

Spheeris alipoanza filamu ya tatu alikuta vijana wanaovaa kama wale wa 1980: nywele zilizosimamishwa na kupakwa rangi, makoti ya ngozi, misumari ya chuma. Muziki wa bendi kama Final Conflict, Litmus Green, Naked Aggression na The Resistance ulikuwa unatoka katika mizizi ileile. Lakini wengi wa vijana hao walikuwa wakilala nje au katika majengo yaliyotelekezwa ya Hollywood, wakiomba fedha kwa wapita njia na kunywa pombe tangu asubuhi. Katika filamu ya kwanza muziki ulikuwa kiini na shida za maisha zilikuwa pembeni. Katika filamu hii mambo yamepinduka, kwa sababu kadiri mahojiano yanavyoendelea ndivyo bendi zinavyosogea kando na simulizi za nyumbani zinavyochukua nafasi.

Simulizi hizo zinafanana: kupigwa, kufukuzwa, mzazi mlevi, mzazi aliyetoweka. Mtunzi haziongezei muziki wa huzuni wala maelezo ya mtaalamu yanayochukua nafasi ya kijana. Anauliza, kisha ananyamaza. Hapa maana mbili za neno mhuni zilizotajwa katika sehemu ya pili zinaachana. Kijana anayeonekana kuwa amekosa adabu kwa sababu analala barabarani anaeleza kwamba yuko barabarani kwa sababu nyumbani hakukukalika. Aidha, kundi lenyewe limekuwa kama ukoo wake, kwani wanagawana chakula, wanalindana usiku na wanaitana kwa majina waliyopeana wenyewe.

Kisha linakuja swali lilelile la kesho: utakuwa wapi baada ya miaka mitano? Vijana wa filamu ya pili walijibu kwamba watakuwa nyota. Hawa, mmoja baada ya mwingine, wanajibu kwamba watakuwa wamekufa. Wanalisema bila kilio, kama mtu anayetaja siku ya wiki. Nalo halikuwa neno la kujikweza, kwani mmoja wa vijana waliohojiwa aliuawa kabla ya filamu kukamilika.

Filamu ilionyeshwa katika tamasha la Sundance mwaka 1998 na ikapata tuzo ya uhuru wa kujieleza. Haikupata usambazaji mpana. Mtunzi aliyekuwa ameingizia studio mamilioni ya dola hakuweza kuifikisha kwa umma kazi aliyoiona kuwa ya thamani zaidi kuliko zote.

8.0 Mjadala

Matokeo ya uchambuzi yanaweza kuelezwa kwa kurejea maswali matatu ya utangulizi.

Kuhusu ukaribu, filamu zote tatu zinaonyesha kwamba haukujengwa kwa kujifanya kijana. Spheeris hajitokezi mbele ya kamera akiwa amevaa kama wao, wala haongei lugha yao. Ukaribu ulijengwa kwa swali la wazi na kwa kusubiri jibu. Malezi yake yalimsaidia kutoshtuka, na kutoshtuka ndiko kulikowafanya vijana wasione haja ya kujigamba, isipokuwa pale walipokuwa na nyota ya kuifukuzia, kama ilivyokuwa mwaka 1988.

Kuhusu ridhaa, imebainika kwamba tangazo la kisheria ni mwanzo tu. Kisa cha Crash kinaonyesha kwamba picha hubeba maana ambayo mhusika hakuikubali wala kuikataa. Kisa cha Osbourne kinaonyesha upande wa pili, kwamba mhusika aliyekubali kila kitu anaweza kuachwa na picha isiyo yake, na mtazamaji asijue. Hivyo basi, ridhaa inapaswa kutazamwa kama deni linaloendelea kudaiwa kwa mtunzi hata baada ya mhusika kutia saini.

Kuhusu wajibu, jambo lenye uzito zaidi liko nje ya filamu. Baada ya filamu ya tatu, kwa maelezo yake mwenyewe, Spheeris aliomba kibali cha kuwa mzazi mlezi na akawapokea watoto nyumbani kwake. Hatua hiyo isichukuliwe kuwa sharti kwa kila mtunzi, kwani si kila anayeuliza swali analazimika kulibeba jibu hadi nyumbani. Wala haifuti makosa ya filamu za awali. Lakini inaonyesha mpaka wa kazi ya kamera. Kwa miaka kumi na minane aliwauliza vijana kuhusu kesho yao. Walipomjibu kwamba hawana kesho, aliona kwamba filamu nyingine isingekuwa jibu la kutosha.

Ipo hoja kinzani inayostahili kuzingatiwa: kwamba filamu hizi ziliwatangaza vijana katika hali zao mbaya zaidi, na kwamba mtazamaji wa kawaida alicheka au aliogopa, hakuelewa. Hoja hii ina nguvu hasa kwa filamu ya pili. Hata hivyo, filamu ya kwanza na ya tatu zinaipinga kwa umbo lake. Maandishi chini ya picha na ukimya baada ya swali ni mbinu zinazomlazimisha mtazamaji kusikiliza kabla ya kuhukumu. Asiyetaka kusikiliza hawezi kulazimishwa na mbinu yoyote.

9.0 Hitimisho

Kwa muda mrefu filamu hizi tatu hazikupatikana rasmi kwa watazamaji wa majumbani. Zilitolewa pamoja mwaka 2015, kazi iliyosukumwa kwa kiasi kikubwa na binti wa mtunzi, Anna Fox. Mwaka 2016 Maktaba ya Bunge la Marekani iliiingiza filamu ya kwanza katika orodha ya taifa ya filamu zinazopaswa kuhifadhiwa. Filamu ambayo mkuu wa polisi alitaka isionyeshwe tena jijini ikawa urithi wa taifa baada ya miaka 35.

Mabadiliko hayo yanathibitisha hoja ya Cohen kwamba hofu ya kimaadili hupita. Kinachobaki ni ushahidi wa namna jamii ilivyowatendea vijana iliowaogopa. Mchango wa Spheeris katika taaluma ya filamu ya hali halisi ni kuonyesha kwamba ushahidi huo hutegemea mambo ya kawaida: kumwachia kijana nafasi ya kueleza, kuandika maneno yake ili yasomeke, na kutomwagia juisi mezani pale ambapo mkono tayari unatetemeka. Kwa watafiti wa Kiswahili wanaochunguza filamu na muziki wa vijana, inapendekezwa kwamba uchambuzi usiishie kwenye maudhui na mtindo. Uchunguze pia nani aliuliza, aliulizwa nani, na nini kilimpata aliyejibu baada ya kamera kuzimwa.